Mgeni hana kadi ya mpiga kura: barua ya wazi kwa vijana wa mitandaoni wa Arusha na Moshi

Wanangu mnaoendesha kurasa, makundi ya WhatsApp na televisheni za mtandaoni katika miji yetu hii miwili,

Nawasalimu, na kwa wale ambao wangeniamkia tungekutana njiani, marahaba. Ninawaandikia hadharani kwa sababu mjadala wenyewe mnaufanya hadharani, na kwa sababu tangu uchaguzi mkuu wa Oktoba 2025 nimeona maneno mawili yakirushwa katika kurasa zenu kana kwamba yanamaliza kila hoja: beberu na kibaraka. Anayeilaumu serikali huambiwa ametumwa na nchi za Magharibi, na anayeitetea huambiwa amenunuliwa na China au Urusi. Kwa maoni yangu pande zote mbili mnalikwepa swali lenye uzito, nalo ni hili: nani hapa nyumbani anampokea huyo mgeni, na anapata nini?

Kwamba mataifa makubwa huingilia chaguzi za wengine si jambo la kubishania. Mtafiti Dov Levin alizipitia chaguzi za kitaifa zilizofanyika duniani kati ya 1946 na 2000, akakuta 117 ambazo ziliingiliwa ama na Marekani ama na Moscow; 81 zilikuwa za Marekani na 36 za Wasovieti na Warusi waliowafuata. Mwaka 1948 nchini Italia fedha za siri zilitoka Washington kwenda kwa Wakristo wa Demokrasia na nyingine zikatoka Moscow kwenda kwa Wakomunisti, katika uchaguzi uleule. Nchini Chile mwaka 1964, kwa mujibu wa kamati ya Seneti ya Marekani yenyewe, CIA, shirika la ujasusi la nchi hiyo, ililipa zaidi ya nusu ya gharama za kampeni ya mgombea urais Eduardo Frei. Kwa hiyo anayewaambia kwamba mchezo huu ni wa upande mmoja tu, vyovyote upande huo utakavyokuwa, anawauzia nusu ya habari.

Kuna mfano mmoja usiotajwa sana ambao ningependa muusome kwa makini kuliko hiyo yote. Guyana, nchi ya Amerika ya Kusini, ilipokuwa bado koloni la Uingereza, ilikuwa na mwanasiasa aliyeitwa Cheddi Jagan, daktari wa meno aliyeamini mafundisho ya Marx, ambaye chama chake kilishinda chaguzi za 1953, 1957 na 1961. Serikali ya Rais Kennedy wa Marekani, ikiwa bado na uchungu wa Cuba kuingia katika Ukomunisti, haikutaka yeye ndiye akabidhiwe uhuru. Mwaka 1963 ukaitishwa mgomo uliodumu siku 80 hivi, na fedha za kuwalisha wagomaji zikapitishwa kimyakimya katika vyama vya wafanyakazi vya Marekani. Kisha Waingereza wakabadilisha utaratibu wenyewe wa uchaguzi, viti vikaanza kugawanywa kwa uwiano wa kura badala ya mshindi wa kila jimbo, na Desemba 1964 chama cha Jagan kikapata kura nyingi kuliko chama kingine chochote lakini serikali ikaundwa na Forbes Burnham kwa kushirikiana na chama cha tatu.

Fedha hazinishangazi katika habari hiyo. Kinachonishughulisha ni kwamba Jagan na Burnham walianza siasa wakiwa chama kimoja, Wahindi na Waafrika pamoja, wakafarakana wao wenyewe katika miaka ya 1950 kabla mgomo ule haujafikiriwa. Mgeni hakuuanzisha mfarakano, aliukuta, akaulipia. Miaka ile majirani walichomeana nyumba na kuuana kwa sababu ya rangi, Burnham akaendelea kutawala kwa chaguzi za wizi hadi alipofariki mwaka 1985, na Jagan hakurudi madarakani mpaka 1992, akiwa mzee. Waliopanga mambo hayo katika ofisi za mbali walikwisha kustaafu zamani na kulipwa pensheni zao, lakini wananchi wa Guyana wanalibeba suala hilo la rangi katika kila uchaguzi wao hadi leo.

Zana zimebadilika, ila namna ya kufanya kazi ni ileile. Tarehe 21 Mei 2016, mjini Houston katika jimbo la Texas, watu waliandamana mbele ya kituo kimoja cha Kiislamu kwa mwito wa ukurasa wa Facebook ulioitwa Heart of Texas, wakidai kwamba Uislamu unaimeza Texas. Ng'ambo ya barabara walisimama wengine, walioitwa na ukurasa wa United Muslims of America kuja kukitetea kituo hicho, saa ileile. Kurasa zote mbili ziliendeshwa na kampuni moja ya mjini St. Petersburg nchini Urusi, Internet Research Agency, iliyokuwa ya tajiri wa Kirusi Yevgeny Prigozhin, na matangazo ya kuwaita watu wa pande zote mbili yaligharimu kama dola 200. Hebu fikirini, watu wazima wanatukanana, polisi wamesimama katikati, na gharama yake yote haifiki bei ya simu nzuri.

Kamati ya Seneti ya Marekani ilipochunguza kazi za kampuni hiyo ilikuta kwamba hakuna kundi lililolengwa kuliko Wamarekani weusi. Kurasa za uongo ziliwaandikia habari za kweli, za polisi kuua watu weusi, mpaka zikaaminiwa. Kisha uchaguzi ulipokaribia zikaanza kuwaambia kwamba kupiga kura hakuna maana. Hapo ndipo ninapowataka mpaangalie vizuri. Mwenye kutaka kutuvuruga hatatuletea uongo mtupu, atatumia lililo la kweli. Suala la ardhi ya Loliondo na Ngorongoro ni la kweli. Manung'uniko ya Wazanzibari juu ya Muungano ni ya kweli, na waliopoteza ndugu zao Oktoba 2025 wana msiba wa kweli. Kila jambo kati ya hayo likiachwa bila majibu linabaki kuwa mtaji wa yeyote mwenye dola 200, awe wa Mashariki au wa Magharibi, na hakuna sheria ya mtandao itakayoliondoa.

Majirani zetu wa Kenya walionyesha upande mwingine wa jambo hili. Cambridge Analytica, kampuni ya Uingereza, ilifanya kazi katika chaguzi za Kenya za 2013 na 2017, na mwaka 2018 wakubwa wake walirekodiwa kwa siri wakijigamba jinsi walivyokiendesha chama cha Rais Uhuru Kenyatta. Chama kilijibu kwamba kazi yenyewe ilikuwa ndogo, na kampuni ilifungwa mwaka huohuo. Mniambie, hao walivamia Kenya? Waliitwa, wakaajiriwa na wakalipwa. Levin naye anasema kwamba taifa kubwa kwa kawaida haliingii katika uchaguzi wa watu mpaka lipate mwanasiasa wa pale aliye tayari kushirikiana nalo. Kwa hiyo mkisikia habari ya mkono wa nje, ulizeni na jina la aliyeushika.

Sasa nije kwenu wenyewe. Wapo kati yenu walionifuata kuniuliza kuhusu kazi za kuandika mtandaoni ambazo malipo huingia kwenye simu kila wiki, mada huletwa zikiwa tayari na mwenye kazi hajulikani. Nawaomba msome yaliyotokea Ghana. Machi 2020 ilibainika kwamba nyumba moja mjini Accra ilikuwa na vijana wa Kighana waliopewa simu na mshahara ili waandike juu ya ubaguzi wa rangi Marekani, wakifanya kazi jioni na usiku ili waendane na saa za huko. Waliambiwa wanatumikia shirika la kutetea haki, kumbe kazi ilikuwa na uhusiano na watu walewale wa St. Petersburg. Vijana wale hawakuwa wahaini, walikuwa wanatafuta riziki kama nyinyi mnavyotafuta. Lakini polisi walipofika katika nyumba ile, mwenye fedha hakuwamo ndani.

Mkiletewa kazi ya namna hiyo, ombeni mkataba wenye jina la mwajiri na anuani yake, na mtake kujua kama mnaruhusiwa kuandika mwishoni mwa chapisho kwamba limelipiwa. Akikataa hilo la pili, iacheni, hata kama kodi ya chumba imefika. Najua ni rahisi kwangu kusema hivyo mimi mwenye pensheni, ndogo ingawaje, lakini nasema.

Wakati huohuo sitaki barua hii itumiwe na wale ambao kila swali la mwananchi kwao limetoka ubalozini. Baada ya uchaguzi wa tarehe 29 Oktoba 2025 tuliambiwa na viongozi wetu kwamba baadhi ya vijana waliokamatwa walitoka nje ya nchi. Yawezekana. Tuhuma ya namna hiyo huthibitishwa kwa ushahidi, na inathibitishika: Julai 2018 waendesha mashtaka wa Marekani waliwataja kwa majina maofisa 12 wa ujasusi wa jeshi la Urusi, na vikosi vyao vikatajwa kwa namba, katika hati ambayo mtu yeyote anaweza kuisoma. Romania nayo, mahakama yake ya katiba ilipoufuta mzunguko wa kwanza wa uchaguzi wa rais tarehe 6 Desemba 2024, serikali ilikuwa imeshaweka hadharani taarifa za idara za usalama kuhusu kampeni ya TikTok iliyomnyanyua mgombea Călin Georgescu, na hata hivyo Waromania wengi hawakuridhika. Kama penye nyaraka watu bado walitilia shaka, basi pasipo na nyaraka kabisa neno beberu linakuwa la kuziba midomo tu.

Tena tutofautishe la siri na la wazi. Balozi anayetoa tamko lenye saini yake, au waangalizi wa SADC na Umoja wa Afrika wanaoandika ripoti, unaweza kuwajibu kwa hoja na ukiona wamekosea useme. Shule ya uongozi ya Kibaha ilijengwa kwa msaada wa Chama cha Kikomunisti cha China na ikafunguliwa mwaka 2022 mbele ya kamera; taasisi za vyama vya Ujerumani nazo zimefadhili mafunzo ya wanasiasa wetu kwa miaka mingi. Hayo tunayaona, kwa hiyo tunaweza kuhoji. Fedha ambazo haziandikwi popote ndizo za kuogopa, na Sheria ya Gharama za Uchaguzi ya mwaka 2010 inavitaka vyama na wagombea kutoa hesabu zao kwa Msajili wa Vyama vya Siasa. Sijaona ukurasa wenu hata mmoja ukiziulizia hesabu hizo, ilhali kila siku mnabishana juu ya Trump na Putin.

Na Arusha ni mji wa mwisho kuweza kujifanya unamchukia mgeni. Waongoza watalii, mahoteli, Mahakama ya Afrika, makao makuu ya Jumuiya ya Afrika Mashariki, vyote hivyo ni mkate wa wageni na wenyeji kwa pamoja. Mwalimu hakuwachukia wageni pia. Mwaka 1965 Ujerumani Magharibi ilipoondoa msaada wake wa kijeshi kwa sababu tuliwaruhusu Wajerumani Mashariki kuwa na ubalozi mdogo Dar es Salaam, aliwaambia waondoe na misaada mingine iliyobaki, na uhusiano wa kibalozi ukaendelea. Ni kweli wakati ule chama kilikuwa kimoja na mgeni hakuwa na mgombea wa kumchagua; tangu vyama vingi viliporuhusiwa mwaka 1992 mambo yamekuwa magumu zaidi.

Nimewahi kusimamia kituo cha kupigia kura katika darasa la shule, kama walimu wengi wa rika langu, na najua mahali ambapo uchaguzi hulindwa. Kituo hufungwa saa kumi jioni, masanduku hufunguliwa mbele ya mawakala, kila kura huinuliwa ionekane, hesabu huandikwa katika fomu, mawakala wakatia saini na nakala ikabandikwa nje ukutani. Pale fomu hiyo inapobandikwa na wananchi wakaipiga picha, hakuna kampuni ya London wala ya St. Petersburg inayoweza kuibadilisha, wala wakubwa wetu hapa nyumbani. Wakenya mwaka 2022 waliziweka fomu za vituo vyao zaidi ya 46,000 katika tovuti ya tume, kila mtu akajumlisha mwenyewe. Na pale wakala anapofukuzwa kabla ya hesabu, uvumi wowote kutoka kokote utaaminiwa, na mtakuwa hamna cha kuukanusha.

Uchaguzi wa serikali za mitaa unatakiwa kufanyika tena 2029, mwaka mmoja kabla ya uchaguzi mkuu. Makundi yenu yana watu wa kila chama, wa Kaloleni na Sombetini, wa Kiborloni na Pasua. Anzeni na mitaa yenu: pateni wa kujitolea kuwa wakala katika kila kituo, kwa chama chochote anachokipenda, na kubalianeni tangu sasa kwamba picha ya fomu itarushwa na kundi zima, mshindi awe yule mliyemtaka au yule msiyemtaka.

Mzee wenu,
Moshi