Pampu ya pili haileti maji kabla hatujajua kinachosimamisha mtambo

Ndugu Mhariri,

Mji mdogo hapa Uganda ukikaa wiki nzima bila maji, kikao cha wilaya hutoka na jibu lile lile: inunuliwe pampu ya pili. Ni jibu ambalo mpiga kura hulielewa haraka, na siku ya kuikabidhi pampu picha hupigwa. Ila swali lenyewe huwa halijaulizwa. Katika mtambo mzima, kuanzia nguzo ya umeme hadi tangi lililoko mlimani, ni kitu gani hasa kinachousimamisha, mara ngapi, na kwa muda gani kila mara? Hesabu ya kulijibu swali hilo ipo, na haihitaji kompyuta. Kalamu na kikokotoo cha simu vinatosha. Naomba nafasi niieleze gazetini kwako, maana fedha za umma zinaendelea kununua vifaa ambavyo hesabu hiyo ingevikataa mapema.

Chukua mtambo wa kawaida: umeme, kabati la kuwashia na kulinda mota, pampu na mota yake, kisha vali na bomba la kupandishia maji. Vinne hivi vimefungwa kwa mfululizo, kimoja kikilala maji hayapandi. Uwezekano wa mtambo kumaliza mwezi bila kusimama hupatikana kwa kuzidisha uwezekano wa kila sehemu. Nitumie namba za mfano, si za mji wowote: umeme 0.90, kabati 0.97, pampu 0.98, vali na bomba 0.99. Ukizizidisha unapata 0.847. Kila sehemu ukiitazama peke yake inaridhisha, lakini zikiungana, katika miezi 100 utegemee karibu miezi 15 yenye kusimama.

Sasa ongeza pampu ya pili sambamba na ya kwanza. Ili sehemu hiyo ishindwe, lazima pampu zote mbili ziharibike: 0.02 mara 0.02, yaani 0.0004. Sehemu ya pampu imepanda hadi 0.9996, namba ya kupendeza kabisa. Lakini mtambo mzima umefika 0.864 tu. Rudi mwanzo, bakiza pampu moja, na fedha hizo uzitie kwenye jenereta ambayo tunaipa 0.90, si zaidi. Umeme na jenereta kwa pamoja vinakuwa 0.99, na mtambo mzima 0.932. Jenereta isiyo ya kusifika imeongeza mara tano ya kile kilichoongezwa na pampu nzuri, kwa sababu imewekwa pale palipokuwa na udhaifu. Mji mwingine wenye umeme imara na bomba lililooza utapata jibu tofauti, na ndiyo maana mpango mmoja hauwezi kunakiliwa wilaya hadi wilaya.

Hata ile 0.9996 ni ya karatasini. Inakubalika tu ikiwa kuharibika kwa pampu moja hakuhusiani kabisa na kuharibika kwa nyingine, na katika nyumba nyingi za pampu sharti hilo halitimii. Pampu mbili zimekaa bega kwa bega, zinalishwa na kabati moja, zinanyonya kwenye tangi moja, zimefungwa na fundi mmoja siku moja. Radi ikipita kwenye waya inazikuta zote. Tukikadiria kwamba hitilafu moja kati ya kila kumi ina chanzo kinachozigusa pampu zote mbili, uwezekano wa kuzikosa zote kwa mwezi unatoka 0.0004 hadi takriban 0.0023, karibu mara sita. Hiyo moja ya kumi si makadirio ya kutisha watu, ni ya kiasi.

Mfano unaojulikana na kila fundi wa mota za fezi tatu, yaani zinazolishwa na nyaya tatu za umeme, ni kupotea kwa fezi moja. Fyuzi moja imekatika kwenye transfoma, mota inaendelea kuzunguka, na fezi mbili zilizobaki zinabeba mkondo mkubwa kuliko kipimo chake. Kama rilei (swichi inayojizima yenyewe) ya kulinda mota dhidi ya mkondo mkubwa imepandishwa kipimo makusudi ili "isisumbue", waya za ndani zinaungua. Mlinzi wa mtambo anaona pampu ya kwanza imezima, anageuza swichi kwenda ya pili bila kupima volti, na ya pili inaungua kwa sababu ile ile. Mji sasa una pampu mbili zilizokufa. Rilei ya kukagua fezi, kifaa kidogo cha kufungwa ndani ya kabati, ingezikinga zote. Pamoja nayo ziwepo kinga ya radi kwenye njia ya umeme, waya wa ardhini ambao ukinzani wake hupimwa na kubaki chini ya omu 10, na kitambuzi cha kina cha maji kinachozima pampu kabla haijazunguka kavu. Hivi havina sherehe ya uzinduzi, lakini kwenye hesabu vinazidi pampu ya pili.

Tangi nalo ni sehemu ya hesabu, ingawa wengi hulihesabu kama jengo. Watu 5,000 wakitumia lita 20 kila mmoja kwa siku, ni mita za ujazo 100. Tangi la mita za ujazo 50 lililojaa linaubeba mji nusu siku, na umeme ukikatika kwa muda wa saa nne au tano hakuna anayejua. Likiwa linajazwa robo tu kwa sababu bomba linavuja, kukatika kule kule kwa saa nne kunakuwa foleni ya madumu. Kabla ya kutafuta mashine mpya, mtu apande ngazi atazame maji yamefika wapi saa kumi na mbili asubuhi.

Hapa nafika kwenye jambo ambalo wapangaji wetu hulipita upesi kuliko yote, nalo ni muda wa matengenezo. Kuna mtambo usioharibika mara kwa mara, na kuna mtambo unaokuwepo unapouhitaji. Sifa hizi mbili hazifanani. Uwepo hupimwa kwa kugawanya wastani wa saa za kufanya kazi kati ya hitilafu na hitilafu kwa jumla ya saa hizo na wastani wa saa za kusimama. Mtambo unaosimama kila baada ya saa 1,000 kwa wastani, ukarudi kazini baada ya saa 24, upo asilimia 97.7 ya wakati. Mtambo huo huo ukisubiri wiki mbili, yaani saa 336, unashuka hadi asilimia 74.9. Tuseme tumenunua wa bei kubwa unaokaa saa 2,000 bila hitilafu, lakini tumeacha ule utaratibu wa wiki mbili. Tunapata asilimia 85.6. Mtambo wa kawaida wenye kontakta (swichi kubwa ya kuwashia mota) na sili (za kuzuia maji kuvuja) stoo unaushinda mtambo wa kifahari usio na kipuri, na unaushinda kwa mbali.

Chukua wiki hizo mbili uzichambue. Kufungua kabati, kuondoa kontakta iliyoungua, kufunga nyingine na kujaribu ni kazi ya saa tatu au nne. Saa nyingine zote ni za kusubiri: nani atoe taarifa, nani aidhinishe fedha, kipuri kinauzwa Kampala peke yake au hata Arua kipo, gari lina mafuta au halina. Mhandisi hawezi kuziondoa saa hizo kwa spana. Zinaondolewa na bodi ya maji inayoruhusu msimamizi wa mtambo kutumia kiasi fulani papo hapo, na kabati la vipuri lenye kufuli na daftari. Vipuri vyenyewe ni vichache: kontakta, rilei ya mkondo, fyuzi za ukubwa unaotumika, rilei ya fezi, sili na gasketi za pampu, vali moja ya kuzuia maji kurudi. Mota nzima ya akiba inaweza kukaa wilayani na kuhudumia miji kadhaa, mradi miji hiyo ilinunua mota za aina moja.

Jenereta ya akiba ina ugonjwa wake: huharibika ikiwa imelala, na hakuna anayejua mpaka inapohitajika. Tuseme kwa wastani hupata hitilafu ya kimya mara moja kwa mwaka. Ukiijaribu kila mwezi, uwezekano wa kuikuta mbovu siku ya shida ni karibu asilimia 4. Ukiijaribu kila miezi sita, ni karibu asilimia 21. Jenereta ni ile ile, kilichobadilika ni kalenda. Na kujaribu si kuiwasha dakika tano na kusikiliza mlio. Dizeli ikizunguka bila mzigo haichomi mafuta vizuri, masizi na mafuta mabichi hujikusanya kwenye njia ya moshi. Iendeshe pampu yenyewe kwa nusu saa au zaidi, mzigo usipungue asilimia 30 ya uwezo wake. Betri ndiyo ya kushukiwa kwanza. Betri ya volti 12 iliyojaa na kupumzika husoma volti 12.6 au zaidi kidogo, na wakati wa kuvuta starta isianguke chini ya 9.6 au hapo karibu. Kisha kagua maji chini ya tangi la dizeli.

Wauzaji watakuonyesha karatasi: "Saa 10,000 kati ya hitilafu." Msomaji atafikiri kifaa kitadumu saa 10,000. Sivyo. Kwa kifaa kinachoharibika kwa bahati tu, bila kuchakaa, ni asilimia 37 pekee ya vifaa vinavyofika saa hizo bila hitilafu. Mwaka una saa 8,760. Kikifanya kazi usiku na mchana, uwezekano wa kumaliza mwaka bila hitilafu ni karibu asilimia 42. Namba ya muuzaji inaweza kuwa ya kweli kabisa na bado ikakupotosha. Tena inategemea mazingira iliyopimiwa. Kapasita za kielektroliti (vipande vinavyohifadhi chaji ya umeme) ndani ya vifaa vya kielektroniki hupoteza takriban nusu ya umri wake kwa kila nyuzi 10 za joto zinazoongezeka, na kabati la chuma lililoanikwa kwenye jua la Adjumani si chumba cha majaribio Ulaya.

Ni muhimu pia kutenganisha kinachochakaa na kisichochakaa. Beringi na sili huzeeka, hivyo kuzibadilisha kwa ratiba kabla hazijafa kuna faida. Kadi ya kielektroniki inayokufa kwa radi haizeeki kwa namna hiyo, na ukiibadilisha kila mwaka "kwa usalama" unaingiza kadi mpya zenye makosa ya kiwandani na ya ufungaji, ambayo kwa kawaida hujitokeza wiki za mwanzo. Kadi hiyo inahitaji kinga ya radi.

Namba zangu za mfano zina thamani ndogo mpaka kila wilaya ipate zake, na zake zinatoka kwenye daftari. Taarifa zetu za maji hupima zaidi kama chanzo kinafanya kazi siku kinapotembelewa. Kipimo hicho hakiwezi kutofautisha kati ya mtambo unaosimama saa mbili na nusu kila siku na ule unaosimama siku 36 mfululizo kila mwaka. Yote miwili haipo karibu asilimia 10 ya wakati, lakini wa kwanza unatibiwa kwa tangi na wa pili kwa vipuri. Daftari liwe na tarehe, saa ya kusimama, saa ya kurudi, usomaji wa mita ya saa za mota, kilichoharibika, kilichosababisha, na kipuri kilichofungwa. Mitambo mitano inayofanya kazi saa 12 kwa siku hukusanya saa 21,900 kwa mwaka. Zikitokea hitilafu 6, wastani ni saa 3,650. Isipotokea hata moja, usiandike kwamba mitambo haiharibiki. Gawanya saa hizo kwa 3, uandike kwamba wastani haupungui saa 7,300, kwa uhakika wa asilimia 95.

Wanaopenda mfano mkubwa watazame Karuma, bwawa la kuzalisha umeme lenye mitambo 6 ya megawati 100 kila mmoja. Tukidhani kila mmoja upo asilimia 95 ya wakati, yote sita kuwepo pamoja ni asilimia 73.5 tu, lakini angalau tano ni asilimia 96.7. Anayeahidi megawati 500 yumo salama kuliko anayeahidi 600. Miji midogo nayo inaweza kupangwa hivyo: visima vitatu vidogo ambavyo viwili vinatosha mahitaji, kila kimoja na kabati lake, badala ya kisima kimoja kikubwa chenye pampu ya kujivunia.

Kwa hiyo bodi za maji zinapotangaza zabuni zijazo, ziandike ndani ya mkataba mambo haya: mita ya saa kwenye kila mota, orodha ya vipuri vinavyokabidhiwa siku moja na mtambo, rilei ya fezi na kinga ya radi zikiwa zimefungwa, na rilei hiyo ikijaribiwa mbele ya mnunuzi kwa kuondoa fyuzi moja, na muda wa juu wa kurudisha huduma baada ya taarifa, ukihesabiwa kwa saa. Mkandarasi atakayekataa sharti la fyuzi aulizwe sababu kabla hajalipwa awamu ya mwisho.

Mhandisi wa mitambo ya maji,
Arua