Barua kwa Mwanangu: Zinakaguliwa na Nani?

Ujiji, Kigoma

Mwanangu Hadija,

Salamu nyingi zikufikie huko Dar es Salaam, pamoja na za mama yako, za bibi yako, na za mdogo wako Ramadhani, ambaye anadai kwamba amekutumia ujumbe mara tatu na hujamjibu hata mmoja. Sisi hapa tu wazima. Ama baada ya salamu, nia ya barua hii ni kukuuliza neno lile lile nililokuuliza kwenye simu siku ya Ijumaa, ukanijibu kwa haraka, kisha ukasema kuna mtu anakuita.

Nilikuuliza ni nani anayekagua breki za baiskeli mnazowapa wageni. Ulinijibu, "Zinakaguliwa, baba." Nimekaa na jibu hilo kibarazani tangu Ijumaa hadi leo, nikiunga spoku za watu, na kila nikiligeuza naliona lina upungufu. Nimefanya kazi hii zaidi ya miaka 30 na sijapata kuona baiskeli inayojikagua. Ukisema zinakaguliwa, yupo mtu aliyepiga magoti mbele ya gurudumu asubuhi akashika raba ya breki kwa kidole, na mimi ninamtaka mtu huyo kwa jina. Zinakaguliwa na nani?

Usidhani kwamba ninaidharau kazi yako. Mama yako ndiye aliyecheka, si mimi. Alisema hajapata kusikia mtu anayetoka Ulaya kwa ndege ili alipe fedha azungushwe kwa baiskeli kwenda kula vitumbua na kunywa kahawa ya kashata, vitu ambavyo yeye huviona kila siku akipita sokoni. Lakini jioni ile ile alimweleza shangazi yako, kwa sauti ya kusikika nyumba ya tatu, kwamba binti yake anawaongoza Wazungu wanane mjini Dar es Salaam na wote wanamfuata. Mimi nilinyamaza, na kunyamaza kwangu usikufasiri vibaya kama ulivyokufasiri siku ile ya stesheni. Nilitaka uwe muuguzi, hilo sikulificha, na maneno niliyoyasema wakati treni inapiga honi yangeweza kungoja siku nyingine au yasisemwe kabisa. Basi tuendelee.

Njia uliyonieleza nimeifuata kichwani kituo kwa kituo, kwa kuwa mji huo ninaufahamu kidogo tangu nilipokuwa nikija Kariakoo kununua tairi na cheni. Mnaanza saa kumi na mbili asubuhi Feri, wakati samaki wanapigiwa mnada na sakafu imelowa maji, magamba na damu. Mnapita Kivukoni kando ya bandari hadi kanisa la Azania Front, mnapanda hadi kwenye Sanamu ya Askari, mnaingia Kisutu kwa ajili ya kachori na chai ya maziwa, kisha Mnazi Mmoja, na mwisho Kariakoo, ambako mnakunywa juisi ya miwa iliyokamuliwa pamoja na ndimu na tangawizi. Ni njia nzuri na sina la kuipinga, isipokuwa kila unaponitajia chakula mimi ninaona mikono.

Fikiri jambo hili polepole. Mgeni amekula samaki wa kukaanga pale Feri, au muhogo wa mafuta wenye chachandu, na wewe kwa heshima ya kwetu umemfundisha ale kwa mkono wa kulia. Amefurahi, amelamba vidole, amejipangusa kwenye suruali, amepanda baiskeli. Mkono huo huo wenye mafuta ndio atakaoushikia breki mbele ya daladala. Kwa hiyo kila kituo cha kula kiwe na maji na sabuni kabla ya kupanda tena, si kabla ya kula peke yake. Kama mwenye kazi yako atasema kwamba unapoteza muda, mwambie fundi mmoja wa Kigoma amesema muda huo haupotei.

Liko jambo jingine ambalo vijana wengi wanaokodisha baiskeli hawalijui, nami nililijua kwa kufundishwa na mgeni aliyepita hapa na baiskeli yake iliyosheheni mizigo. Baiskeli haziko sawa mikononi. Ziko ambazo mkono wa kulia unashika gurudumu la mbele, na ziko ambazo la mbele linashikwa na mkono wa kushoto, kutegemea nchi ambako baiskeli imefungiwa. Wapo pia wageni waliozoea baiskeli za kwao ambazo mtu husimama kwa kukanyaga pedali kinyumenyume, na hao wakishtuka huanza kukanyaga nyuma kabla hawajakumbuka kwamba wana vidole. Anayedhani anashika la nyuma, kumbe anashika la mbele kwa nguvu zote kwenye mteremko, hupaa juu ya usukani. Kabla ya kuondoka, kila mgeni aendeshe hatua chache mahali pa wazi, ashike breki moja moja, akuambie kwa mdomo wake ipi ni ya mbele. Wengi wao, isitoshe, wanatoka nchi ambako magari hupita kulia; wakifika njia panda hutazama upande usiokuja gari.

Kuhusu ukaguzi wenyewe, ninakuandikia ingawa ulikua ukiuona, kwa maana kuona si kushika. Bana mkono wa breki: ukigusa usukani, waya umelegea, ukaze kwenye nati. Kisha bana breki ya mbele na uisukume baiskeli kwenda mbele. Gurudumu la nyuma likiinuka, breki ni nzima, na gurudumu la mbele likizunguka huku umebana, baiskeli hiyo haitoki nje hata kama mgeni amekwisha kulipa. Pitisha kidole kwenye raba. Raba nzima ina mifereji na huipa ngozi upinzani kidogo. Iliyokufa inang'aa na ni ngumu kama kokwa la embe, na mtu asiyejua huiona nzuri kwa sababu haijaisha. Raba za huko hufa upesi kuliko unavyodhani, maana baiskeli inayoanikwa juani kutwa nzima hukausha raba bila kwenda popote. Rimu ikilowa, breki hukawia kushika, na nyinyi mnaanzia mahali penye maji.

Juzi redio ilitangaza habari ya mwendesha baiskeli aliyegongwa na lori huko huko kwenu. Hawakusema kama breki zake zilikuwa nzima, nao kwa kawaida hawasemi. Mama yako alizima redio, mimi nikaiwasha tena.

Nilipokuja Dar es Salaam mara ya mwisho nilimwona muuza madafu akishuka na baiskeli aina ya Phoenix, madafu yamefungwa kwenye kareria hadi yanamfika mgongoni. Vyuma vya breki vilikuwapo, ila havikuwa na raba hata moja. Alipotaka kupunguza mwendo aliinua mguu wa kulia akaukandamiza kwenye tairi ya mbele, na ndala yake ilikuwa imelika kisiginoni mpaka ikawa nyembamba kama karatasi. Nilimwita nikamwambia nitamfungia raba bure. Akanijibu kwamba ndala ni rahisi kuliko raba, akanikatia dafu, akaenda zake. Wale wanaoteremsha madumu ya mawese kutoka Mahembe hufanya hivyo hivyo, na ndio wateja wangu, nao hunisikiliza kama yule. Wewe wageni wako hawana ndala za kuchoma. Wana viatu vyeupe na imani kwamba kila kitu kimekaguliwa.

Unasema unatangulia mbele na kijana mwingine anafunga mkia. Wazee wa hapa Ujiji walikuwa wakisimulia kwamba katika misafara ya kwenda Bagamoyo kirangozi alitangulia na bendera, na hakuna aliyeruhusiwa kumpita. Hilo lifuate: mgeni asikupite hata kama ana miguu ya mashindano. Lakini kirangozi hakuwa na mwendokasi nyuma yake. Kwenye mtaa wa Msimbazi, mnapoikata njia ya mwendokasi, shuka, simamisha msafara wote, wasukume baiskeli kwa miguu. Njia ile huonekana tupu hadi utakaposhawishika, kisha basi hutokea, na hutokea pande zote mbili. Wanane wasivuke nusunusu, wanne ng'ambo na wanne huku, kwa sababu waliobaki watakimbilia wenzao bila kutazama.

Na kwa kuwa mnasimama kwenye sanamu ile, waambie wageni habari kamili. Umeniambia unawaeleza kwamba ni askari wa Vita Kuu ya kwanza, na kwamba sanamu iliwekwa mwaka 1927. Sawa, lakini bamba lake linawataja pia wapagazi, kwamba ndio waliokuwa miguu na mikono ya jeshi, na Kariakoo mnakokwenda kunywa juisi jina lake limetokana na kikosi hicho hicho cha wapagazi, Carrier Corps, ambacho watu walikitamka kwa ulimi wao. Watu wa pande zetu walibeba mizigo ya wenyewe kwa vichwa kabla hata reli haijafika Kigoma mwaka 1914, na wengine walibeba katika vita hiyo wasirudi. Kwa hiyo toka kwenye sanamu nenda Kariakoo ukiwa na neno moja mkononi, usiwape historia vipande vipande kama mishikaki. Haya si ya breki, ninajua. Nimeyaandika kwa sababu ulisema wageni hupenda kukusikiliza, na mimi nimefurahi kuliko nilivyoonyesha.

Narudi kwenye swali. Huenda unaona ninakusumbua, na huenda unajiuliza mbona mzee huyu hakuwa na bidii hii zamani. Kidevu chako kinajua mteremko wa kutoka Mwanga kwenda stesheni, sina haja ya kukusimulia. Ninachotaka kukuambia ni kuhusu raba: raba inayoning'inia kwenye msumari wa duka haisimamishi gurudumu. Jozi mpya inaweza kukaa msumarini siku nne, fundi akiitazama kila asubuhi na kusema kwamba mteja wa Kibirizi ameshaiahidi fedha na hii ya nyumbani itangoja hadi Jumamosi. Mtoto akiuliza, anaambiwa baiskeli imekaguliwa. Ndivyo fundi huyo alivyosema, kwa maneno hayo hayo. Kwa hiyo nikisikia neno hilo kutoka kinywani mwako silipokei upesi.

Fedha uliyotuma, shilingi 80,000, imefika. Ulisema ni ya bati la jiko, lakini mama yako ameiweka kwenye sare na madaftari ya Ramadhani, na bati limebaki na tundu lake. Mvua ikinyesha tunasogeza mafiga upande wa mlango. Usitume nyingine mwezi huu. Mwembe wa nyuma umezaa kupita kiasi, na watoto wa jirani wanaurushia mawe hadi vigae vya choo vimepata ufa. Bibi yako haoni vizuri kwa jicho la kushoto na hataki kupelekwa hospitali mpaka wewe uje umshike mkono. Nimemwambia una kazi, akasema kazi gani ya kupanda baiskeli. Migebuka imeadimika wiki hizi mbili, ila dagaa wapo na bei yake haijachangamka, ndiyo maana mama yako amekufungia wengi. Wapike kwa mawese, usiwakaange kwa mafuta ya dukani ukawaharibu. Na kama mwenye kazi atakubali, waonjeshe wageni wako siku moja dagaa wa Kigoma, wakome kudhani chakula cha nchi hii ni chipsi mayai.

Mzigo utakuja na basi la Alhamisi, kondakta atakupigia. Ndani ya gunia la dagaa utakuta mfuko mweusi wenye jozi nane za raba na kifunguo changu kidogo cha nati, kile chenye mpini uliofungwa tambara jekundu, nimenunua kingine. Mfuko wa raba nimeuweka juu na chupa ya mawese nimeiweka chini kabisa, kwa maana raba ikiguswa na mafuta haishiki tena, basi uufungue wa raba kwanza, kwa mikono mikavu. Jumatatu utakapotoka peke yako na wageni hao, amka saa kumi na moja. Kisha nikipiga simu jioni nikakuuliza zimekaguliwa na nani, usitafute jina la mtu mwingine.

Ni mimi baba yako,
fundi baiskeli, Ujiji