Barua ya Malalamiko: Faili la Kutolea Data Linaloacha Kumbukumbu Zetu Bila Taarifa

Ofisi ya Mhasibu,
Chama cha Ushirika cha Wafugaji Nyuki,
Tabora.

Mkuu wa Huduma kwa Wateja,
Kampuni ya Programu za Uhasibu,
Dar es Salaam.

Ndugu,

YAH: MALALAMIKO KUHUSU FAILI LA MAKTABA LA KUTOLEA DATA KATIKA PROGRAMU YENU YA KOMPYUTA

Tafadhali rejea kichwa cha habari hapo juu.

Chama chetu hupokea asali na nta kutoka kwa wanachama wa Sikonge, Uyui na Urambo, na kwa misimu kadhaa sasa mapokezi yote yameandikwa katika programu yenu, kila ndoo na mstari wake. Kuingiza data hakujatusumbua. Tunalalamikia kuzitoa, kwa kuwa bodi, benki inayolipa wanachama na wakaguzi wa COASCO (shirika la kukagua hesabu za vyama vya ushirika) hawafungui programu yenu bali hupokea faili la Excel, na kitufe cha kutoa data kikiharibika, hesabu zetu hubaki zimefungiwa ndani ya kompyuta moja.

Baada ya kuweka toleo jipya, kitufe hicho kilianza kuleta ujumbe kwamba faili la maktaba, yaani faili la msaada ambalo programu huliita ili kufanya kazi fulani, halikupatikana, ingawa faili lenyewe, lenye kiambishi cha .dll, lilikuwa mahali pake katika folda ya programu. Fundi wa hapa mjini aligundua kwamba lililokosekana ni jingine ambalo hilo hulitegemea, yaani msvcp140.dll, linalokuja na kifurushi cha Visual C++ cha Microsoft, na ambalo kisakinishi chenu (programu inayoweka programu yenu kwenye kompyuta) kilipaswa kuliweka. Windows hutoa kosa lilelile, namba 126, iwe limekosekana faili lenyewe au tegemezi lake. Programu yenu ingeweza kulieleza vizuri zaidi, lakini haikufanya hivyo.

Msaidizi wenu alitushauri kwa simu tulitafute faili hilo katika tovuti yoyote na kulinakili kwenye System32, folda ya mfumo ya Windows. Hatukuufuata ushauri huo, na tunaomba asipewe mteja mwingine. Faili la maktaba hufanya kazi ndani ya programu kwa mamlaka yote ya programu hiyo, kwa hiyo lililochezewa linaweza kusoma hesabu za chama pamoja na namba za simu na vitambulisho vya wanachama. Isitoshe, katika Windows ya biti 64, mafaili ya mfumo ya biti 32 hukaa katika folda nyingine, SysWOW64 (majina haya mawili yamewapoteza mafundi wengi), na kwa kuwa programu yenu ni ya biti 32, hata faili safi lisingeonekana mahali alipotuelekeza.

Badala ya kurekebisha kisakinishi, mlitutumia faili la maktaba la toleo la zamani. Kitufe kilifanya kazi tena, na madhara makubwa yakaanzia hapo. Faili hilo huandika muundo wa .xls, ambao karatasi yake haizidi mistari 65,536, ilhali muundo wa .xlsx ulioletwa na Excel 2007 hubeba mistari 1,048,576. Mapokezi yetu yameshapita kikomo hicho cha kwanza. Faili lenu liliandika hadi karatasi ilipojaa, likaacha mistari iliyobaki, kisha likatutangazia kwamba kazi imekamilika. Kwa kuwa data hupangwa kwa tarehe, ndoo zilizoachwa ni za msimu huu, yaani zile hasa ambazo wenyewe hawajalipwa. Kikomo hichohicho kiliifanya Uingereza, mwaka 2020, ichelewe kutangaza wagonjwa 15,841 wa UVIKO-19, habari iliyoenea dunia nzima. Kampuni inayouza programu za hesabu haiwezi kusema haikuisikia.

Hata mistari iliyoandikwa haikutoka salama. Namba ya Kitambulisho cha Taifa ina tarakimu 20, nane za mwanzo zikiwa tarehe ya kuzaliwa. Maktaba yenu huiandika kama kiasi badala ya maandishi, na kwa kuwa Excel huonyesha tarakimu 15 tu za kiasi chochote, tano za mwisho hugeuka sifuri, hata wanachama wawili waliozaliwa siku moja wanaweza kutokea na namba ileile. Nani hujumlisha namba za vitambulisho? Namba za simu nazo hupoteza sifuri ya mbele. Benki iliirudisha orodha yetu ya malipo, na watu waliokwisha kuleta asali yao wakaambiwa wasubiri. Pendekezo lenu kwamba tutumie CSV, yaani faili la maandishi matupu yanayotenganishwa kwa mkato, halisaidii, kwani tukiifungua kwa Excel, Excel hukisia yenyewe kipi ni kiasi na kipi ni maandishi, na tunarudi palepale.

Kitufe kinachokataa kufanya kazi tungekivumilia kwa muda, maana angalau tungejua hatuna faili. Mzani unaosoma pungufu huondolewa kituoni siku hiyohiyo, na faili lenu la maktaba linastahili kutendewa vivyo hivyo.

Tunaomba mtupatie kisakinishi chenye mategemezi yote, pamoja na faili jipya la maktaba lenye sahihi ya kidijitali ya kampuni yenu, linaloandika .xlsx na kuhifadhi namba za vitambulisho na za simu kama maandishi. Zaidi ya yote, faili hilo lilinganishe idadi ya mistari iliyomo katika programu na idadi iliyoandikwa, na zikitofautiana lisitishe kazi na kuonyesha tofauti hiyo. Hayo yasipofanyika ndani ya siku 14 tangu mpokee barua hii, tutaomba turudishiwe ada ya matengenezo ya mwaka huu, na mtukabidhi maelezo ya muundo wa hifadhidata ili fundi wetu azitoe data zetu mwenyewe.

Wako katika utumishi,

Mhasibu wa Chama

Nakala: Mwenyekiti wa Bodi ya Chama