Usilingoje zimwi, mtazame mama

Zuhura mwenzangu,

Salamu nyingi. Barua yako nimeipata, na nimesoma jinsi ile filamu ya kutisha, The Babadook, ilivyokuchosha: zimwi lenyewe halionekani sawasawa, na yule mtoto anapiga kelele mno. Nakusihi uitazame tena, ila safari hii usilingoje zimwi. Mtazame mama.

Amelia ni mjane. Mumewe alifariki kwa ajali ya gari wakati akimkimbiza hospitali kujifungua, kwa hiyo siku aliyozaliwa Samuel ndiyo siku baba yake alipofariki. Mtoto wa namna hiyo unaweza kumpenda kwa moyo wote na bado usiweze kumkumbatia. Kumbuka pale Amelia anapokichana na kukitupa kile kitabu cha picha kinachosimulia habari za zimwi. Kinarudi mlangoni kimegandishwa upya, tena kimeongezwa kurasa: mama anamvunja mbwa shingo, anamnyonga mtoto, kisha anajikata koo. Muda huo hakuna aliyeguswa hata kidogo. Kinachotisha ni kwamba anasoma habari zake mwenyewe, na moyoni anajua hayo yote anaweza kuyafanya. Jennifer Kent aliiandika na kuiongoza filamu hii mwenyewe, na sidhani kama angeweza kumwachia mtu mwingine ukurasa ule.

Njia yake haikuwa fupi. Alisomea uigizaji NIDA, chuo cha taifa cha sanaa za maigizo kule Australia, akaigiza miaka kadhaa kabla ya kuona kwamba moyo wake uko nyuma ya kamera. Akamwandikia Lars von Trier, mwongozaji wa filamu wa Denmark, kuomba nafasi ya kujifunza, akakubaliwa kuwapo wakati wa kutengeneza filamu yake, Dogville. Mwaka 2005 akatoa filamu fupi, Monster, nyeusi na nyeupe, inayomhusu mama, mtoto wake na kitu kilichomo ndani ya nyumba. Humo ndimo ilimochipuka The Babadook, iliyoonyeshwa kwa mara ya kwanza kwenye tamasha la filamu la Sundance, Marekani, mwaka 2014. Hesabu mwenyewe: miaka tisa. Fedha zilikuwa za kubana, hata ikabidi wachangishe watu mtandaoni takriban dola 30,000 ili wakamilishe mandhari ya ndani ya nyumba.

Ulilalamika kwamba zimwi linatembea kama mwanasesere. Ndivyo alivyotaka Kent. Alikataa kulichora kwa kompyuta, akatumia mbinu za kamera za tangu enzi za Georges Méliès, Mfaransa wa miaka ya mwanzo kabisa ya sinema. Kwangu mimi limekuwa la kutisha zaidi kwa sababu hiyo, maana linaonekana limetoka ndani ya kile kitabu cha picha, halikuletwa kutoka kwingine.

Kuhusu mtoto, kuna jambo lililonifanya nimheshimu sana Kent. Noah Wiseman, aliyeigiza Samuel, alikuwa na miaka sita. Katika zile sehemu ambazo Essie Davis, aliyeigiza Amelia, anamtukana mwanawe matusi mazito, mtoto hakuwapo. Mtu mzima alipiga magoti mahali pake. Kwa hiyo ule ukatili unaouona usoni mwa mama haukumfikia mtoto yeyote.

Baada ya mafanikio yale angeweza kutengeneza ya pili na ya tatu. Amesema wazi kwamba haitakuwapo. Badala yake alitoa The Nightingale, mwaka 2018, akarudi na Tuzo Maalumu ya Majaji kutoka tamasha la filamu la Venice. Hiyo si ya mazimwi kabisa: ni Tasmania ya mwaka 1825, mfungwa mwanamke wa Kiayalandi anawasaka askari wa Kiingereza walioiangamiza familia yake, akiongozwa na Billy, mwenyeji wa kisiwa kile anayemwona kuwa adui kama Waingereza wengine. Ina ubakaji na mauaji, na kamera haikwepi. Wako watazamaji waliotoka ukumbini. Sikulazimishi, ukiitazama, usiitazame usiku wala peke yako.

Anza na The Murmuring basi, nayo ni ya Kent, ya mwaka 2022, ambayo ni sehemu moja ya mfululizo wa televisheni wa Guillermo del Toro, mwongozaji wa Meksiko. Essie Davis yumo tena, safari hii ni mtafiti wa ndege aliyefiwa na binti yake, na hawezi kulizungumza hilo hata na mumewe. Haizidi sana saa moja. Ukimaliza niandikie mara moja, uniambie kama wewe nawe ulimhurumia yule mume kuliko mke, maana nyumbani tumebishana juu ya hilo na hatujafika mwisho.

Wako,
Rehema