Mary wa Uskoti hakuangushwa na mapenzi tu

Ndugu Mhariri,

Tamthilia ya televisheni kuhusu utawala wa Mary, Malkia wa Uskoti, inamwagiwa sifa kila upande. Mavazi yanapendeza na waigizaji wameiva, hilo silipingi. Kinachoniuma ni kuona malkia yule akifanywa binti aliyepoteza ufalme kwa kuendekeza moyo.

Mary alirithi taji mwaka 1542 akiwa na umri wa siku sita. Aliporudi kutoka Ufaransa Agosti 1561, mjane wa miaka 18, alikuta bunge limeshapiga marufuku misa ya Kikatoliki, dini yake mwenyewe. Hakulipiza kisasi. Aliwaacha Waprotestanti na kanisa lao, yeye akabaki na misa yake ikulu, huku mhubiri John Knox akimshambulia mimbarani. Miaka ile ya uvumilivu tamthilia inaipita mbiombio, ili imfikie upesi Lord Darnley, mumewe wa baadaye, na sura yake nzuri.

Wala hapakuwa na haja ya kutia chumvi. Usiku wa Machi 9, 1566, katika ikulu ya Holyrood, Mary alikuwa mezani akila chakula cha jioni, mjamzito wa takriban miezi sita. Makabaila wenye silaha wakaingia, wakamburuta katibu wake, David Rizzio, wakamuua kwa visu. Darnley, mumewe, alikuwa miongoni mwa waliopanga njama. Basi ndani ya siku mbili Mary akamgeuza Darnley huyohuyo dhidi ya wenzake, wakatoroka wote wawili usiku. Mwanasiasa mwepesi wa akili namna hiyo ndiye ambaye hatuonyeshwi.

Kuolewa na kabaila Bothwell, aliyetuhumiwa kumuua Darnley, lilikuwa kosa kubwa. Lakini makabaila waliomfunga katika ngome ya Lochleven na kumlazimisha Julai 1567 amwachie taji mwanawe wa mwaka mmoja walijua wanachokitafuta: mtoto hatawali, watatawala wao.

Halafu lile tukio la tamthilia la Mary kukutana ana kwa ana na Elizabeth, malkia wa Uingereza! Hawakuonana kamwe, ingawa Mary alishikiliwa Uingereza, alikokimbilia, karibu miaka 19, hadi alipokatwa kichwa katika ngome ya Fotheringhay mwaka 1587. Aliomba kwa barua waonane, akanyimwa, na kunyimwa huko ndiko kulikokuwa mateso yenyewe. Naomba mhakiki wako, akiandika tena kuhusu tamthilia hii, awaeleze wasomaji hivyo.

Msomaji wako