Wakulima wa korosho wafundishwe kusoma karatasi wanazotia sahihi

Mhariri,

Naomba nafasi katika gazeti lako nizungumzie karatasi za fedha ambazo wakulima wa Mtwara na Lindi tunazitia sahihi bila kuzielewa, na nyingine zenye manufaa ambazo hatujawahi hata kuzifikiria.

Nimekuwa karani wa chama cha msingi cha ushirika wilayani Newala kwa misimu mingi. Tangu mfumo wa stakabadhi ghalani uanze kutumika kwenye korosho katika msimu wa 2007/2008, chini ya Sheria namba 10 ya mwaka 2005, mkulima wetu amezoea kwamba mzigo ukishapimwa na kupokelewa ghala kuu, mnunuzi huuziwa kwa karatasi huku magunia yakiwa yametulia mahali pake. Mtu aliyezoea hayo hashindwi kuelewa karatasi nyingine yoyote inayobeba thamani na kuhama kutoka mkono hadi mkono. Hajafundishwa tu, na wapo wanaonufaika na hali hiyo.

Wakati wa palizi, kabla mkorosho haujatoa hata ua, wakopeshaji hupita vijijini. Mwezi Aprili mkulima mmoja wa Kitangari aliniletea karatasi aliyotakiwa kuweka dole gumba. Ilikuwa na sentensi moja: kwamba yeye anaahidi kumlipa mkopeshaji, au mtu yeyote atakayeelekezwa na mkopeshaji huyo, tarehe 30 Novemba. Nafasi ya kiasi cha fedha ilikuwa wazi. Alipouliza, aliambiwa kwamba hayo ni makubaliano ya kawaida na kiasi kitajazwa baadaye ofisini.

Karatasi ile ikishajazwa ni hati ya ahadi ya kulipa, na inasimamiwa na sheria yetu ya hati za malipo, Sura ya 215, iliyochota sehemu kubwa ya masharti yake kutoka sheria ya Uingereza ya mwaka 1882. Anayetia sahihi hati yenye nafasi wazi na kuikabidhi ili ijazwe huhesabiwa kwamba ametoa ruhusa ya kuijaza. Kati ya mkulima na mkopeshaji wake, bado mkulima anaweza kusimama na kusema kwamba kiasi kilichojazwa sicho walichokubaliana. Lakini mkopeshaji akitia sahihi mgongoni mwa hati na kuiuza kwa mtu wa tatu, ambaye ameipokea ikiwa imekamilika, kabla ya siku ya malipo kupita, kwa nia njema na kwa kuilipia, utetezi huo wa mkulima kwa kawaida haumfikii mtu huyo wa tatu. Atadai kiasi kilichoandikwa, na sheria itakuwa upande wake. Sheria haikukosea: biashara isingewezekana kama kila anayepokea hati angelazimika kuchunguza ugomvi wa waliomtangulia. Kosa ni kumwekea mtu karatasi kama hiyo mbele yake bila kumweleza nguvu yake.

Hundi ni ndugu wa hati hiyo na wengi wanaifahamu zaidi. Niseme tu kwamba iliyopigwa mistari miwili sambamba hailipwi dirishani bali huingizwa kwenye akaunti, na kwamba hundi tupu yenye sahihi ina hatari ileile.

Jambo linaloniuma zaidi ni kwamba shida ya Aprili ingeweza kupunguzwa Desemba, wakati fedha za mnada wa korosho zinapoingia kwenye akaunti zetu. Benki Kuu ya Tanzania, yenye tawi hapa Mtwara mjini, huuza kwa mnada dhamana za Serikali za muda mfupi, yaani hati ambazo Serikali hukopea fedha kwa wananchi, za siku 35, 91, 182 na 364, na kiwango cha chini cha kushiriki ni shilingi 500,000. Dhamana hizi hununuliwa chini ya thamani yake na hulipwa kamili zinapoiva, yaani siku zake zinapotimia. Tuseme bei ya mnada ni shilingi 97 kwa kila 100: mkulima analipa 970,000, na baada ya siku 182 anapokea 1,000,000. Bei hubadilika mnada hadi mnada, na atakayehitaji kuuza kabla ya siku kufika anaweza kupata pungufu. Hata hivyo, atakayegawa akiba yake katikati ya Desemba, sehemu kwa siku 91 na sehemu kwa siku 182, atapata fedha Machi kwa ajili ya vibarua wa palizi, na nyingine Juni wakati wa kupuliza salfa dhidi ya ugonjwa wa mikorosho wa ubwiri unga. Dhamana hizi husajiliwa kwenye akaunti maalumu, haziandikwi sahihi mgongoni na kukabidhiwa jirani, lakini zinaweza kuwekwa rehani kwa mkopo. Kwa maoni yangu ni rehani bora kuliko dole gumba kwenye nafasi tupu.

Naviomba vyama vikuu vya ushirika vya mikoa hii miwili vitenge muda katika mikutano mikuu ya vyama vya msingi, kabla ya msimu wa palizi, na vilete mwanasheria pamoja na ofisa wa benki wakae na wanachama wakiwa na nakala halisi za hati hizi mikononi. Maofisa ushirika wakatae kushuhudia hati yoyote isiyojazwa kiasi. Nawe, Mhariri, nakuomba uchapishe matokeo ya minada ya dhamana za Serikali kwa Kiswahili, ukionyesha bei ya kila shilingi 100 na tarehe ya kuiva, karibu na bei za korosho na ufuta ambazo tayari tunazisoma.

Karani wa chama cha msingi,
Newala, Mtwara