Nicholas Stone, mwashi aliyeacha daftari

Ndugu wanakikundi, salaam. Mazungumzo yetu ya Jumamosi, saa mbili usiku, yatamhusu Nicholas Stone, mwashi Mwingereza aliyefariki mwaka 1647. Alikuwa mtoto wa mpasua mawe wa Devon, akaenda Amsterdam kufanya kazi chini ya mchongaji na msanifu majengo Hendrick de Keyser, akamwoa binti wa bwana wake huyo, kisha akarudi London na kufungua karakana. Kuanzia 1619 hadi 1622 aliongoza waashi waliojenga Banqueting House, ukumbi wa karamu wa jumba la kifalme la Whitehall, London, kwa michoro ya msanifu majengo Inigo Jones.

Naomba tukae zaidi kwenye sanamu ya mshairi John Donne ya mwaka 1631, ambayo Stone aliichonga kwa marumaru nyeupe kwa ajili ya kanisa la St Paul's, London: marehemu amesimama juu ya chungu cha majivu, amevikwa sanda iliyofungwa fundo utosini, uso pekee ukiwa wazi. Moto mkubwa wa London wa 1666 uliteketeza kanisa hilo lakini sanamu ikasalimika, na chungu kingali na alama za kuungua. Stone aliandika daftarini kwamba alilipwa pauni 120. Laiti mafundi wetu wangeandika hivyo! Mwenye picha azitume mapema, zisizidi tatu.